Kazi ya Mwenye Sehemu Ndogo



Katika siku za kupiga alizeti, huku kwetu Mtinko, mzee mmoja wa usharika alinijia jioni. Akaketi, akanyamaza kitambo kirefu, kisha akaniuliza neno ambalo halikustahili kujibiwa upesi. Alisema: "Mwalimu, kijana wangu ataka kwenda Dar es Salaam ili awe mwigizaji katika michezo ya televisheni. Wala hatafuti kuwa mkubwa wao. Asema ataridhika kuwa bawabu, au mjomba mkali, au mlevi apitaye mlangoni. Je, hiyo ni kazi? Mtoto niliyemfundisha asiseme uongo, atakula chakula chake kwa kujifanya mtu asiye yeye?"

Nikamjibu kwa haraka ya kuwa kazi hiyo haifai. Akanishukuru, akaondoka. Lakini usiku ule sikupata usingizi mwema, maana nilijua ya kuwa nimemjibu pasipo kufikiri, na jibu la namna hiyo ni deni. Basi nimeandika haya ili nilipe deni langu, na ninyi ndugu zangu walimu na wainjilisti, mnaoulizwa maneno kama haya kila siku, mpate kuyapima.

Kwanza yatupasa kulijua jambo lenyewe, maana ahukumuye asilolijua ahukumu kivuli. Televisheni ilianza Zanzibar mwaka 1973. Huku Bara tulingoja hata mwaka 1994. Kabla ya hapo michezo tuliisikia kwa redio. Wengi wetu twakumbuka mchezo ulioitwa Twende na Wakati, ulioanza mwaka 1993 katika Radio Tanzania, na yule dereva wa lori aitwaye Mkwaju, ambaye mwenendo wake mbaya uliwafundisha watu wengi habari za ukimwi kuliko hotuba nyingi. Televisheni ilipoenea, kikundi cha Kaole kikaonyesha michezo yake katika kituo cha ITV, na watu wakazizoea sura za wazee kama Mzee Kipara, aliyefariki mwaka 2012, na Mzee Jengua, ambaye jina lake hasa lilikuwa Mohamed Fungafunga, aliyefariki mwaka 2020. Wazee hao mara nyingi walikuwa baba wa nyumba au mzee asiyekubali neno. Hadithi ilikuwa ya vijana na mapenzi yao, lakini pasipo wazee wale vijana wasingalikuwa na mtu wa kumwasi, wala hadithi isingalikuwapo.

Na kazi yenyewe ni ya namna gani? Mwenye sehemu ndogo huamka mapema kama mwenye sehemu kubwa, naye hungoja zaidi. Picha hazipigwi kwa kufuata hadithi, bali kwa kufuata mahali: yote yatokeayo sebuleni hupigwa pamoja, hata kama moja ni la mwanzo na lingine ni la mwisho. Kwa hiyo yampasa akumbuke ya kuwa asubuhi hii bado hajafiwa, na ya kuwa saa sita amekwisha kufiwa. Tena ya kuwa shati lilikuwa hili, na fimbo ilikuwa katika mkono wa kushoto. Mara nyingi hapewi maneno yaliyoandikwa, bali huambiwa kisa tu, naye atunge maneno papo hapo. Mara nyingi nguo ni zake mwenyewe. Aweza kungoja kutwa nzima kwa ajili ya maneno matano, na akiyakosea hayo matano, watu wote hurudia. Kisha hulipwa ujira wa siku au wa mchezo, akarudi kwake asijue kama ataitwa tena. Basi hii ni kazi, nayo yachosha. Neno la mzee kwamba si kazi tumelimaliza. Yamebaki maneno matatu mazito zaidi.

La kwanza ni habari ya uongo.

Mzee wangu hakuwa mtu wa kwanza kuliona jambo hili. Katika Kiyunani, lugha iliyoandikwa Agano Jipya, neno litafsiriwalo "mnafiki" lilikuwa kwanza jina la mchezaji wa jukwaani, avaaye uso usio wake. Tena katika karne za kwanza makanisa mengi yalimtaka mchezaji aiache kazi yake kabla ya kubatizwa, maana michezo ya siku zile ilichanganyika na ibada za sanamu na mambo ya aibu. Basi hofu ya mzee ina mizizi mirefu, wala si ujinga wa shamba.

Lakini tutazame vema. Mnafiki na mchezaji wote wawili wavaa uso wa kuazima. Tofauti yao i wapi? Nafikiri ni hii: mchezaji hutuonyesha jukwaa, na mnafiki hulificha. Katika nchi ya Kenya alikuwapo Benson Wanjau, ambaye kwa miaka mingi aliitwa Mzee Ojwang' katika mchezo wa Vitimbi. Yeye alikuwa Mkikuyu, lakini aliigiza Mjaluo, na matamshi yake yalikuwa ya Kijaluo, hata watazamaji wengi wakaamini ya kuwa ndiko alikozaliwa. Mary Khavere, aitwaye Mama Kayai, aliigiza mkewe, na wengi wakawadhania kuwa mume na mke wa kweli. Je, watu hao wawili walimwibia nani? Hakuna aliyepoteza mbuzi wala shamba kwa kuamini hayo. Tena, katika nchi ambayo makabila yamepata kumwaga damu ya wao kwa wao, mtu wa kabila moja aliivaa lugha ya kabila jingine miaka mingi, na watu wa makabila yote wakampenda. Huo si uongo. Ni ugeni mwema, kama mtu akaribishwaye katika nyumba ya jirani akakaa bila kuvunja kitu.

Na tukumbuke habari ya mwanamke wa Tekoa. Yoabu alimwita, akamvika nguo za maombolezo, akamtia maneno kinywani, naye akaenda kwa mfalme Daudi akajifanya mjane ambaye mwanawe mmoja amemwua mwenziwe. Mfalme akayaamini yote. Hapo kulikuwa na mchezaji, lakini jukwaa lilifichwa; kwa hiyo habari ile yatusumbua kidogo tuisomapo, ingawa nia ilikuwa kumrudisha mtoto kwa baba yake. Mfalme mwenyewe alipotambua, aliuliza kwanza kama mkono wa Yoabu ulikuwamo katika hayo. Swali hilo ndilo swali letu. Watazamaji wa televisheni hawana haja ya kuliuliza, maana mwisho wa mchezo majina yaandikwa wazi: fulani alikuwa fulani.

Basi mpaka nauona hapa. Mtu yule yule aliyeigiza mgonjwa katika mchezo, kesho akisimama katika tangazo la biashara na kusema dawa fulani imemponya, hali hajaionja hata kwa ncha ya ulimi, amevuka mpaka. Sauti ni ile ile, machozi ni yale yale, lakini sasa mtazamaji haonyeshwi jukwaa, na fedha yatolewa mfukoni mwake kwa sababu hajui. Huo ni uongo mtupu. Kijana wa mzee wetu yampasa kuujua mpaka huo kabla hajapanda basi, maana huko ndiko kwenye fedha nyingi kuliko michezo yenyewe.

Nasi tulio wa kanisa la Kilutheri tusijifanye wakali kuliko baba zetu. Luther mwenyewe, katika dibaji za vitabu vya Yudithi na Tobiti katika Biblia yake ya mwaka 1534, alivisifu kwa kuvifananisha na michezo ya kuigiza, wala hakuona aibu kusema hivyo.

La pili ni habari ya ubaya. Mtu aigizaye ubaya, je, ubaya haumshiki?

Hapa nitasimulia jambo lililotukia karibu nasi, wala sitataja jina. Miaka kadhaa iliyopita mtaa mmoja ulitengeneza mchezo wa Noeli. Watoto wote walitaka kuwa malaika. Wachungaji wa kondoo walipatikana kwa shida. Herode hakupatikana kabisa. Mwishowe fundi wa baiskeli, mtu mkimya asiyegombana na mtu, akakubali. Akaigiza vizuri mno, hata watoto wadogo wakalia na mama zao wakawatoa nje. Tangu siku ile akaitwa Herode sokoni. Kwanza alicheka pamoja na watu. Lakini mtoto wa jirani yake alipougua, kuna mtu aliyenong'ona ya kuwa jicho la fundi yule si jema, na ya kuwa mtu hawezi kuigiza chuki ya namna ile kama haimo ndani yake. Ninyi mkaao Singida mwajua mnong'ono wa namna hiyo waweza kumfikisha mtu wapi. Mtoto akapona, na mnong'ono ukafa. Lakini fundi hakuja tena katika mazoezi ya kwaya kwa muda mrefu.

Mwaka uliofuata mchezo ulifanywa pasipo Herode. Malaika walikuwa wengi, tena walipendeza sana katika nguo zao nyeupe, lakini walipowaambia Yusufu na Mariamu wakimbilie Misri, hakuna aliyejua wakimbia nini. Watu wakapiga makofi, wakaenda zao kula pilau.

Hapo nilielewa neno. Aigizaye ubaya ametuazima uso wake ili tuuone ubaya pasipo kuumizwa nao. Kumchukia kwa ajili hiyo ni kama kumpiga mpiga mbiu kwa sababu mbiu imeleta habari ya moto. Na ikiwa sisi wenye kujua kusoma twamchanganya mtu na sehemu yake, tutawezaje kumlaumu mzee asiyetaka mwanawe aigize mlevi?

Walakini nisiifiche hatari iliyomo. Kuigiza mlevi si kulewa. Lakini wakimtaka alewe kweli ili picha ipendeze, hapo kuigiza kumekwisha. Kuigiza hasira si kumpiga mtu. Lakini akimpiga kweli mwenzake mdogo asiyeweza kukataa, amepiga. Na mambo ya mwili yafanywayo na watu wasio mume na mke hayawi mchezo kwa sababu tu pana taa na kamera. Maneno aweza mtu kuyaazima na kuyarudisha. Mwili hauna namna ya kuazimwa, kwa maana mwili haujui kama ni mchezo. Kijana asiye na jina, aliyengoja miezi mitatu ili aitwe, ndiye apatikanaye upesi kwa mambo hayo, kwa kuwa aogopa kurudi nyumbani mikono mitupu. Yampasa mzazi amwambie mapema, kwa maneno yaliyo wazi, ya kuwa mlango wa nyumbani hautafungwa akirudi hana kitu. Neno hilo moja laweza kumlinda kuliko maonyo mia.

La tatu ni habari ya udogo.

Wahenga walisema figa moja haliinjiki chungu. Kila mwanamke wa Mtinko ajua ya kuwa mafiga ni matatu, wala hakuna lililo kubwa. Ukiondoa moja, mboga yamwagika majivuni. Ndivyo mchezo ulivyo. Bawabu afunguaye mlango pasipo kufikiri atuharibia huzuni ya bibi arusi aingiaye. Lakini akiufungua kama mtu aliyekesha usiku kucha, twaamini ya kuwa nyumba ile ni nyumba, na ya kuwa nje ni usiku. Hakuna atakayemsifu, kazi yake ikifanywa vema haionekani. Ndugu mpigaye kengele, na wewe ufagiaye kanisa Jumamosi, mwaijua kazi ya namna hiyo. Tumefundishwa ya kuwa kila kazi ya halali yaweza kuwa wito, na ya kuwa ya mwosha vyombo haipungui heshima mbele ya ile ya mkuu wa mji. Basi hakuna sababu ya kumnyima mwigizaji mdogo fundisho hilo.

Lakini hapa naona ya kuwa sisi wafundishaji twaweza kukosa. Fundisho la wito ni jema. Ila ni rahisi mno kulitumia kumnyamazisha maskini. "Ridhika na sehemu yako ndogo," twasema, na mwenye kumlipa hufurahi akitusikia. Kuridhika na sehemu ndogo katika mchezo ni unyenyekevu. Kuridhika na ujira mdogo kuliko haki, wakati wengine wanakula matunda ya kazi yako miaka na miaka, hakuna aliyetuamuru kukuita unyenyekevu.

Tazameni mambo yalivyotukia. Mzee Ojwang' aliwachekesha watu kwa zaidi ya miaka 30; macho yake yalipougua, wananchi walichangishana fedha ili atibiwe. Akafariki mwezi wa Julai 2015. Amri Athuman wa Tanga, aliyejulikana kwa jina la King Majuto, aliigiza tangu utoto wake. Alipougua, ilibidi asaidiwe hata akapelekwa India, akafariki tarehe 8 Agosti 2018. Mwaka huo huo mikataba ya wasanii ilizungumzwa hadharani, na Serikali ikaunda kamati ya kuichunguza. Hao walikuwa wakuu, na majina yao yalijulikana na kila mtoto. Ikiwa mbuyu umekauka, majani yaliyo chini yake je?

Wala si kwetu tu. Huko Marekani waigizaji wa sinema waligoma mwaka 1960, wakapata haki ya kulipwa tena filamu zao zitakapoonyeshwa katika televisheni. Lakini wale walioigiza zamani kabla ya mwaka huo hawakulipwa hivyo kwa filamu zao za kale. Mwaka 2023 waigoma tena, siku 118, na jambo moja la ugomvi lilikuwa mashine ziwezazo kuiga sura na sauti ya mtu. Walioogopa zaidi walikuwa wadogo: wale wapitao nyuma ya mkuu wa mchezo, ambao sura yao ingeweza kunakiliwa kwa siku moja na kutumiwa siku zote. Kwa mataifa yote ulifanywa mkataba huko Beijing mwaka 2012 wa kulinda haki za waigizaji wa picha, ukaanza kutumika mwaka 2020. Nasi Tanzania tunayo Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999. Sheria hiyo ni njema, lakini haimsaidii sana mtu atiaye sahihi karatasi asiyoisoma, akauza kila kitu kwa malipo ya mara moja kwa sababu kodi ya chumba imefika.

Nilipofika hapa katika kufikiri, nilikumbuka jambo ambalo ningependa kulisahau. Jioni ile mzee aliponijia, mimi na jamaa zangu tulikuwa tukitazama mchezo. Tulicheka sana kwa ajili ya mjomba mmoja mkali aliyeficha sukari chini ya kitanda. Mchezo ule kijana wangu aliununua kibandani, umenakiliwa katika kadi ndogo kwa shilingi chache. Shilingi zile zilikwenda kwa mwenye kompyuta. Hata senti moja haikumfikia mjomba wa sukari. Nikauzima mchezo ili nimpokee mgeni, kisha nikamwambia ya kuwa kazi ya mtu yule haifai, kwa sababu ni udanganyifu.

Basi, ndugu, katika nyumba ile mdanganyifu alikuwa nani? Yule mwigizaji alinionyesha jukwaa lake. Mimi ndimi niliyelificha langu.

Siku ya tatu nilikwenda kwa mzee, nikamwambia ya kuwa nilimjibu vibaya. Nikamweleza maneno matatu amwulize kijana wake kabla ya safari, nayo hata leo sijapata mengine yaliyo bora. Kwanza: nani atakayedanganywa na utakayoyasema, na nani atakayefaidika kwa kudanganywa kwake? Pili: mwili wako utatakiwa kufanya nini kweli, si kwa kuigiza? Tatu: karatasi utakayoitia sahihi yasema nini, na nani ameisoma pamoja nawe? Akiweza kuyajibu hayo, na aende kwa amani, hata kama hatakuwa zaidi ya bawabu siku zote. Akishindwa kulijibu moja, na angoje.

Mzee alifikiri. Akaniuliza, "Na wewe, Mwalimu, ile kadi utaifanya nini?" Sikuwa na jibu zuri. Kuivunja hakutamlipa mtu. Nilimwambia ya kuwa sitanunua nyingine ya namna hiyo, na ya kuwa nitalisema jambo hili mbele ya vijana wa usharika, nikianza na kosa langu. Akatikisa kichwa, akasema, "Nitamruhusu. Lakini si kabla hatujamaliza alizeti."

Ndugu zangu walimu, Noeli itakuja tena, nanyi mtapanga mchezo. Nawaomba neno moja. Msianze kwa kuchagua malaika. Mtafuteni kwanza atakayekubali kuwa Herode, na mchezo ukiisha msimamisheni mbele ya watu wote, mtaje jina lake la ubatizo, mumshukuru. Watoto na wamwone akicheka, wajue ya kuwa ni fundi wa baiskeli.

Mtinko, Singida.